Mtu Aliyeshuka Kwenye Lori

Wa kwanza kuniambia alikuwa Jovia, wifi yangu. Alinikuta nikinyonyesha, akasema, "Lile gari limerudi. Na Baba anatuita wote, hata wewe." Kwetu mkamwana hakaribii kitanda cha baba mkwe, kwa hiyo nilisimama mlangoni, mtoto mgongoni. Mzee Acidri alisema hivi:

"Nisikilizeni, wanangu, pumzi ingalipo. Mnaijua kazi yangu. Sikupiga picha yangu hata moja. Niliokota filamu zilizotupwa na wengine, nikazikata, nikaziunga upya, watu wakasema mzee ana wazimu. Shamba la Omugo lilimeni pamoja, maana kidole kimoja hakivunji chawa. Hilo halinisumbui.

Ninaloogopa ni kopo moja. Askari walipokimbia Arua mwaka ule wa vita, niliokota kopo hilo kwenye shimo la taka, huku juu Arua Hill. Filamu ilikuwa imegandamana kwa unyevu, na ni mwaka huu tu nilipofaulu kuibandua. Ndani yake wanaume wanapandishwa lori. Mmoja ni Taban wa Midia, kijiji cha huko Koboko, tuliyesoma naye. Hakurudi. Kwao hakuna kaburi, na binti yake Kadijah, aliyekuwa bado tumboni siku ile, hajaiona sura ya baba yake. Nikaenda Koboko, nikauliza sokoni nyumba ya Kadijah iko wapi, na kuuliza kwangu ndiko kulikowaamsha wengine. Aliyefunga mlango wa lori, naye anaonekana humo, yu hai. Wanawe ndio wanaokuja na gari, wakisema kwa upole, 'Mzee, ile kopo iko wapi?' Upole huo ndio unaonitia baridi.

Candia, mwanangu wa kwanza, umesema tuichome. Unaogopa, na mimi pia. Lakini ukiichoma, unampandisha Taban lorini mara ya pili. Msichome. Wala Kadijah asianze kwa kuliona lori likiondoka. Nimeiunga kinyumenyume: Taban anashuka, kamba zinafunguka mikononi, anatujia mpaka uso wake unaijaza picha. Aone hivyo kwanza. Kisha aambiwe ukweli, kwamba niliyegeuza ni mimi, asije akakaa akimngoja. Faraja ya uongo ni deni...

Jovia, maji. Basi. Kopo liko ghalani, chini ya mtama. Alipeleke mtu asiyetazamwa na mtu. Mkamwana, uko mlangoni? Usijibu. Mungu awalinde, wanangu, awape usingizi... na mlango usiogongwa..."

Mlango wa gari ulifungwa huko nje. Sote tulitazama dirisha. Tulipomgeukia, midomo yake ilikuwa bado inacheza, bila sauti.

Asubuhi niliitoa filamu koponi, nikaizungushia kitambaa, nikaibana kati ya mgongo wangu na mtoto, nikafunga kanga juu. Getini kijana mmoja aliegemea lile gari.

"Mama, mzee iko aje?"

"Iko nalala."

"Na hiyo ya mugongo?"

"Mutoto."

Akacheka. "Mutoto muzito, eh."

"Anakula vizuri," nikasema, nikiangalia chini kama kawaida yangu. Nikatembea polepole hadi stendi, nikapanda gari la Koboko.

Huko Midia, Kadijah aliacha jembe, akainua filamu kwenye jua kama nilivyomwonyesha, akaivuta taratibu, kipicha kwa kipicha. Alipofika kwenye uso, mikono yake ilisimama.

"Anakuja?" akaniuliza.

Nikainua macho, nikamwambia ukweli.