Mlango Tunaoukalia

Benchi letu ni mlango. Nasema mapema ili mtu asije akaniambia nimemzunguka. Ni mlango wa mbao nzito, umelazwa juu ya matofali mbele ya duka langu la kunyolea, na ukichungulia kwenye nyufa utaona mabaki ya rangi ya kijani. Upande mmoja lina tundu la ufunguo benchi letu, na hapo hapakaliwi, maana panafinya paja. Kulia kwa tundu hukaa Gundi, fundi viatu, aliyepewa jina hilo kwa ajili ya kazi yake na pia kwa sababu hajawahi kulala nje ya mtaa huu. Kushoto hukaa Breki, dereva wa malori mstaafu, anayeitwa hivyo kwa kuwa mdomo wake hauna kitu hicho. Mwalimu Sahihisho huja na kigoda chake mwenyewe na kalamu nyekundu mfukoni. Bi Birika hakai, anamimina kahawa na kusikiliza, na siku akiamua kusema tunanyamaza wote. Mimi ninanyoa watu, nina kazi zangu, ila mlango wa duka uko wazi na upuuzi siwezi kuusikia nikauacha upite.

Asubuhi hiyo ilikuja barua.

Hizo barua lazima nizieleze. Mdogo wake Gundi, wa kike, ni mwandishi wa vitabu. Aliondoka hapa miaka kumi na tisa iliyopita na begi la zipu mbovu ambalo kaka yake alimshonea, akaenda kusoma mbali, na hajarudi. Ameandika vitabu vitatu, na vyote vitatu vinazunguka nyumba moja tu, ile waliyozaliwa, barabara ya pili kutoka hapa. Simu haipendi. Anasema kwenye simu kaka yake hujibu "tupo tu", kisha anamsalimia upya. Kwa hiyo hutuma karatasi yenye maswali, kila swali ameliachia mistari miwili mitupu chini yake, na Gundi huijaza karatasi ileile na kuirudisha posta ikiwa na alama za vidole vyenye gundi.

Tatizo ni kwamba nyumba yenyewe haipo. Ilibomolewa miaka tisa iliyopita, barabara ilipopanuliwa, na Gundi aliwahi kuokoa mlango tu. Gundi hakumwambia mdogo wake. Na sisi, watu wazima wenye akili zetu timamu, tulimsaidia kutomwambia. Dada aliuliza, mlango wetu bado upo? Gundi akaandika, "Upo, na haukosi watu." Si uongo. Akauliza, bado unalia ukifunguliwa? Mwalimu akatoa maneno: "Siku hizi umetulia." Hata hilo si uongo. Lakini miaka mitano iliyopita aliomba picha ya nyumba, na hapo ndipo tulipovuka mpaka. Breki alizunguka mitaa mpaka akapata nyumba ya muuguzi mmoja yenye mlango wa kijani, tukaipiga picha, tukaituma. Mwaka uliofuata kitabu cha tatu kikatoka, na picha yetu ikawa kwenye jalada.

Mtauliza kama tulikisoma. Mwalimu alianza, amekisahihisha mpaka ukurasa wa kumi na nne na hapo amekwama. Breki anamsubiri Mwalimu amalize. Mimi kilikaa dukani kwangu wiki nzima, nikatafuta pale ambapo nadhani nimetajwa, sikutajwa, nikakirudisha. Gundi nakala yake ameifunga kwenye mfuko wa plastiki, anasema mikono yake michafu. Siku moja nilimwambia mikono huoshwa. Aliniangalia vibaya, nikarudi kunyoa.

Sasa barua ya asubuhi hiyo ilikuwa na maswali sita. Matano yalikuwa mepesi, mambo ya ngazi na bomba la maji. La sita Mwalimu alilisoma kwa sauti mara mbili: "Mtu akirudi kwao baada ya miaka mingi, usiku wa kwanza analala wapi?"

Tukakubaliana mara moja kwamba hilo ni la kitabu kipya, kuna mhusika anarudi na mwandishi hajui amlaze wapi. Bi Birika akamimina, na kijiwe kikaanza kazi.

Mwalimu alitangulia kwa kutukumbusha kwamba waandishi wa nchi hii wana ugonjwa mmoja. Alisema amewasoma wote, jambo ambalo nina mashaka nalo.

– Waliobaki wanaandika habari za kuondoka. Walioondoka wanaandika habari za kibaraza cha mama yao. Hakuna hata mmoja anayeandika pale alipo.

– Kwa sababu pale alipo anapaona – alisema Breki. – Mimi nilipokuwa barabarani niliijua nyumba yangu bati kwa bati. Sasa niko ndani yake, nimeisahau.

Bi Birika akamuuliza ukuta wa sebuleni kwake una rangi gani. Breki akanyoosha shingo kuelekea kwake. Tulicheka mpaka mteja wangu akaniomba niondoe wembe shingoni kwake.

Kwa hasira ya kuchekwa, Breki akaja na kanuni. Alisema mtu wa kwao hujulikana kwa jambo moja, akiamka usiku anakwenda msalani bila kuwasha taa. Basi mhusika apimwe. Akifika bila kujikwaa, apewe chumba chake cha zamani. Akijikwaa, alale sebuleni na wageni wengine. Mwalimu akasema sebuleni hapafai wala chumbani hapafai. Mwandishi alazwe nyumba ya wageni siku tatu kamili, kwa sababu akilala kwao usiku wa kwanza kiu yote itakatika, na kiu ikikatika hakuna kitabu, na taifa limepata hasara. Nikatoka na wembe mkononi kumwambia kwamba binadamu si bomba la kufungulia nusu. Alikuwa amepata moto.

– Kwa kweli wasirudi kabisa – akasema. – Tukiwarudisha wote, nani atabaki wa kutukumbuka? Sisi tuliopo hapa hatukumbukani.

Hilo lilituingia kidogo. Mimi nilikulia nyuma ya nyumba yao, huyo dada tulikuwa tunarushiana mawe na tukikamatwa tunaongopa pamoja, na kuna siku namnyoa mtu huku namkumbuka yeye, bila sababu yoyote. Sijawahi kumwambia mtu.

Gundi wakati wote huo alikuwa anashona soli. Akakata uzi kwa meno.

– Kule wanamuuliza kwao ni wapi – alisema. – Na akija hapa, watoto wa mtaa huu watamuuliza hivyohivyo.

Breki hawezi kuuvumilia ukimya. Akapendekeza serikali iwajengee waandishi mtaa wao, kila mmoja ajengewe nyumba ile aliyoiandika, ngazi kwa ngazi, hata yale aliyotia chumvi yajengwe. Mwalimu akaliunga mkono, ila akataka lugha ikaguliwe kwanza kabla ya kusimamisha kuta, maana kuna waandishi ambao nyumba zao zitaanguka kwa makosa ya upatanisho wa ngeli. Walifika mpaka kwenye suala la nani atashika funguo. Gundi akawakatiza.

– Niandike nini?

– Andika kitanda cha mama – alisema Breki. – Kile cha dirishani.

– Kitanda kipi, Breki?

Breki akaangalia kikombe chake.

Ndipo akaja yule binti. Alikuwa na viatu vya kutembelea, mkoba begani, na kitabu mkononi, na jalada lake nililijua kabla hajafika karibu. Alitupa shikamooni yake, tukaitikia marahaba. Akajieleza vizuri tu, kwamba anafanya kazi maktaba ya mkoa, na maktaba inaandaa maonyesho ya waandishi wa nchi na nyumba walikotoka. Ameshapiga picha nyumba kumi na moja. Hii ni ya kumi na mbili, na inampa shida. Ameipata nyumba ya kwenye jalada, lakini mwenye nyumba ni muuguzi, na muuguzi amemwambia hapo hapajawahi kuzaliwa mwandishi, awaulize wazee wa kijiweni, ndio waliokuja kupiga picha mlango wake.

Nilitamani kurudi dukani. Mwalimu akakohoa. Bi Birika akampa binti kahawa, na mahali palipokuwa wazi pa kukaa ni pale kwenye tundu, akakaa, akasogea, akasimama.

Gundi alimwambia ukweli, mfupi, bila kupamba. Nyumba haipo, picha si ya kwao, mwandishi hajui. Sisi wengine tuliinamisha vichwa kama watu tuliokutwa tukidokoa jikoni.

Binti akafungua kitabu ukurasa wa kwanza kabisa. Hakutaka kutukosea adabu, ilionekana.

– Samahani, wazee wangu. Hapa ameandika kwamba kwao kulikuwa na dirisha moja la mbele, yeye na kaka yake wakiligombea. Kwenye jalada kuna madirisha mawili. Mtu anaweza asijue madirisha ya kwao?

Breki, ambaye ana jibu la kila kitu, alimtazama Mwalimu, na Mwalimu alitoa kalamu yake nyekundu, akaigeuzageuza, akairudisha mfukoni.

– Sentensi hiyo niliipitia – alisema polepole. – Niliiongezea koma.

Gundi alinyoosha mkono akaomba kitabu. Hakufuta mikono. Alisoma ule ukurasa wa kwanza mdomo ukimcheza, akarudi juu, akausoma tena, kisha akakifunga na kuiangalia picha yetu ile ya udanganyifu, miaka minne iko pale nje kila mtu anaiona.

– Lilikuwa moja – alisema. – Nilikuwa namwinua kwa nyuma aone nje.

Akamrudishia binti kitabu.

– Amejua. Muda wote huu amejua, na anauliza tu.

Bi Birika akasema alivyo yeye, bila kupandisha sauti, kwamba mtoto wa kike akikosa cha kumuuliza kaka yake atamwandikia nini. Ngazi, bomba, mlango, hayo yote yalikuwa njia ya kumpata mtu azungumze.

Hapo Gundi akatuambia jambo ambalo hakuwahi kutuambia, na miaka tisa tumekaa naye ubao mmoja. Mama yao alipofariki, mdogo wake hakupata karatasi za kusafiria, akakosa mazishi. Gundi ndiye aliyemwandikia kwamba mama hayupo. Miaka miwili baadaye nyumba ikabomolewa.

– Mara ya kwanza niliweza – alisema. – Mara ya pili kalamu haikwenda. Nikasema, kumzika mama amekosa, basi angalau abaki na mlango.

Nikashindwa kurudi dukani. Mteja wangu alikuwa ameshaondoka na upande mmoja wa ndevu, na nilimsikia akinung'unika barabarani, na sikujali.

Gundi aliichukua ile karatasi ya maswali. Aliyapita matano ya kwanza akayaacha hivyohivyo. Akalisoma la sita kwa sauti, na safari hii hakuna aliyesema ni la kitabu. Usiku wa kwanza analala wapi. Macho yalimjaa, na hakuyaficha. Akaomba kalamu, Mwalimu akampa ile nyekundu, hana nyingine. Mistari miwili haikumtosha, akageuza karatasi nyuma. Aliandika taratibu, na kwa kuwa nilikuwa nimesimama nyuma yake, nilisoma, na sioni aibu kusema nilisoma.

"Mdogo wangu, nyumba haipo, na wewe unajua. Mlango ninao. Utalala kwangu, kitandani. Mimi nitalala chini. Dirisha ni moja. Njoo."

Akampa Mwalimu aangalie. Mwalimu alisoma mpaka mwisho, akasema hakuna cha kusahihisha, na hayo maneno sijawahi kumsikia akimwambia mtu yeyote.

Binti wa maktaba aliuliza kama anaweza kupiga picha mlango. Tukasimama wote, tukakusanya vikombe, na kwa mara ya kwanza kwa miaka mingi niliutazama mlango ule ukiwa mtupu. Ulikuwa mdogo kuliko ninavyoukumbuka. Akapiga picha mbili, akashukuru, akachukua barua kuipitisha posta kwa vile ilikuwa njiani kwake.

Bi Birika aliinua birika, akalitikisa, halikuwa na kitu. Breki alitaka kukaa, Gundi akamzuia. Akafungua sanduku lake la kazi, akachagua ngozi laini, ile anayoweka ndani ya viatu vya wagonjwa wa miguu, akakata duara. Akaweka kipande cha sponji juu ya tundu la ufunguo, akalaza ngozi juu yake, akapaka gundi ukingoni, akazungusha misumari midogo, akaipapasa kwa kiganja mpaka ikawa sawa na ubao.

Breki akauliza kama sasa pamekuwa pazuri, apajaribu. Gundi akasema pasikaliwe. Breki akataka kujua mpaka lini, maana gundi yake tunaijua, hukauka kwa saa moja.

– Pasikaliwe – alisema Gundi, akarudi kwenye soli yake.