Maleksima Khanum, Binti Aliyewatafunia Washenga Sukari

Baada ya miaka thelathini na miwili mbele ya kamera, Maleksima Khanum anastaafu tarehe 30 Aprili 1976. Wengine studioni humu wanazeeka tu. Yeye anazidi kufanana na mtu uliyemwota alfajiri. Nayasema haya mimi wa kitengo cha taa, na uso ule hakuna anayeujua kunizidi. Anayebisha apande ngazi.

Alianza wakati wa vita. Baba yake, Mzee Aghabala mwoka mikate, hakutaka kabisa. "Filamu moja tu, mwanangu," alimwambia. "Mtaa ukikucheka, unarudi kwenye tanuri." Binti akaja na filamu yake moja, kama mtu aliyeruhusiwa ndoto moja tu maishani.

Onyesho lake lilikuwa la posa. Baba wa kwenye filamu anawakataa washenga, kwa hiyo binti alete chai isiyo na sukari, maana sukari ikionekana kwenye sinia, kwetu huku Kaspi ndoa imekubaliwa. Sasa Mammadaga wa vifaa, kwa ukarimu wake usio na breki, akaweka bakuli la sukari kwenye sinia. Eti wageni wanywe chai bila sukari, aibu gani hiyo! Na mkanda wa kamera, kwa ajili ya vita, ulikuwa adimu, hakuna kurudia. Kamera inazunguka, Maleksima anakuja akielea katika mwanga, ndipo akaiona ile sukari. Mwongozaji, Mwalimu Zulfugar, akashika kichwa.

Binti hakusita. Akaimimina sukari yote kwenye ushungi wake, akabakiza kibonge kimoja, akakitafuna polepole huku akimkazia macho mshenga mkuu.

Filamu ilionyeshwa uani kwao. Shuka lililotundikwa kuwa skrini lilipepea kwa upepo wa Kaspi, uso wake ukawa kama unapumua. Penye sukari, mtaa mzima ukaangua kicheko. Maleksima akainuka aondoke: amechekwa, basi tena. Lakini Mzee Aghabala alikuwa akijifuta machozi, mbavu hana.

"Unakwenda wapi, mwanangu? Kaa! Hawakucheki wewe, wanamcheka yule mshenga. Kesho nitakanda unga mwenyewe."

Ndivyo tulivyompata. Amekuwa bibi harusi, mjane, mganga, malkia, na juzi bibi kizee mwenye bata. Wasichana wapya amewafundisha kunyamaza mbele ya kamera, kazi ngumu kuliko kusema. Nami hajaniacha salama.

"We kijana, hiyo taa yako inanihesabia mikunjo?"

"Hapana, Khanum, inaipigia saluti."

"Basi ishushe kidogo, imechoka kusimama."

Tulipomuuliza atafanya nini sasa, alisema atalala mpaka ndoto zenyewe zimwombe ruhusa ya kuondoka. Sawa, Khanum. Lala unono, amka utakapo, uzee ukujie taratibu kama mgeni mwenye adabu. Asante kwa kila sura uliyotuazima. Sisi tutazima taa, tufumbe macho, na bado tutakuona.