Bi Hafidha, Ubao wa Matangazo na Kura Moja

Tarehe 31 Desemba 2025, siku ya Jumatano, Bi Hafidha binti Nasr anastaafu baada ya kuitumikia ofisi ya Liwali wa wilaya yetu hapa Oman kwa miaka thelathini na sita, miezi miwili na siku kumi na tano. Hizo siku kumi na tano kazitaja mwenyewe. Tulitaka kuziacha ili sentensi iwe nyepesi, akasema hakuzifanyia kazi ili zije kufutwa.

Wasifu rasmi wa Kiarabu utasomwa na mkuu wa idara. Huu wa Kiswahili tumeuandika sisi wa chumba namba tano, wazee na vijana wenye asili ya Unguja na Pemba, ambao miaka yote hiyo tumekunywa chai pamoja naye na kusahihishwa naye. Kijana anayesema "kitabu yangu" mbele ya Bi Hafidha huwa hasemi mara ya pili. Ameomba auone wasifu huu kabla haujachapwa. Ombi lake limepokelewa na linafanyiwa kazi.

Alizaliwa Unguja mwaka 1965, akaletwa Oman na mama yake, marehemu Bi Ghaniya, akiwa na umri wa miaka sita. Baba yake alifariki mapema, na aliyeshika nafasi yake ni kaka yake, Bwana Soud, ambaye kamzidi Bi Hafidha miaka mitano tu. Bwana Soud aliacha skuli akaingia kazini idara ya maji ili mdogo wake asome. Mwaka 1988 alimpeleka mjini Ibra mara tatu kwa wiki kujifunza kupiga taipu, akawa anamngoja ndani ya pikapu mpaka somo liishe. Bi Hafidha husema kwamba kila herufi anayoipiga ina petroli ya kaka yake ndani yake.

Aliajiriwa Oktoba 1989. Alipewa mashine ya taipu ambayo nusu ya herufi zake zilikwama wakati wa joto, na meza iliyotazama choo. Hakulalamika. Miaka mitatu baadaye alihamishiwa chumba cha kumbukumbu, ambako mafaili yalikuwa yamepangwa kwa kufuata siku yaliyoingia mlangoni, yaani hayakupangwa. Aliyapanga yote, elfu kumi na nne na ushei, na kazi hiyo ilimchukua miaka minne. Katika muda huo makarani wawili waliomba uhamisho.

Mwaka 2007, maji ya tufani yalipoingia ofisini, yeye na walinzi wawili walipandisha mafaili ya ardhi ghorofani kabla jengo halijajaa. Kiti kipya cha Liwali, kilichotoka Maskati wiki hiyo hiyo, kiliachwa chini na kuonekana kesho yake karibu na kituo cha petroli. Bi Hafidha alitakiwa atoe maelezo kwa maandishi. Alijibu kwa mstari mmoja, kwamba kiti kinanunuliwa. Mwaka uliofuata alipandishwa cheo, akakabidhiwa pia ubao wa matangazo.

Hapa ndipo tunapofika kwenye uchaguzi wa baraza la manispaa wa mwaka 2016, na kwenye kosa lake moja, kama lilikuwa kosa.

Msomaji wa mbali aelezwe kwanza desturi yetu. Mtu akija nyumbani kwako na haja, kahawa huipokea lakini hainywi. Hukiweka kikombe chini mpaka umwambie anywe, na ukishamwambia anywe, haja yake umeikubali. Kumwacha mgeni aondoke na kikombe kimejaa ni aibu ambayo wajukuu zako watakuja kuisikia sokoni. Mwaka ule walisimama wagombea kumi na mmoja kwa viti viwili. Wote walipita nyumba kwa nyumba, wote waliweka vikombe chini, na kila nyumba iliwaambia wote wanywe. Kwa hesabu ya vikombe wilaya yetu ilikuwa na wapigakura elfu sitini na sita. Kwa hesabu ya daftari walikuwa elfu sita.

Mmoja wa wagombea alikuwa Bwana Soud. Alitaka njia ya maji ya mvua ijengwe nyuma ya soko, jambo la maana kabisa, na alilieleza kila nyumba kwa dakika hamsini.

Uchaguzi wa kwanza, wa mwaka 2012, ubaoni yalibandikwa matokeo ya jumla peke yake, na wilaya ilibaki na amani. Aliyeshindwa aliamini mtaa wake ulimpa na mitaa mingine ilimnyima. Safari hii Bi Hafidha aliona karatasi aliyoletewa ina hesabu ya kila kituo, wanaume mbali na wanawake mbali. Akaona wananchi wana haki ya kuijua. Aliipiga upya kwa herufi kubwa, akaibandika baada ya sala ya alasiri, akaenda kunywa chai.

Hakuimaliza. Kabla ya magharibi ubao ulikuwa umezungukwa na watu wenye simu wakipiga picha. Mgombea mmoja alikuta amepata kura mbili katika mtaa wenye nyumba kumi na tisa, na nyumba zote kumi na tisa alikunywa kahawa. Kesho yake alizirudia zote kutoa shukrani kwa kura zile mbili, na kila nyumba ilizipokea shukrani zake. Mwengine alihesabu ndugu zake wa kuzaliwa, akahesabu kura zake, akahesabu tena ndugu zake. Ilibidi mwaka ule harusi tatu ziahirishwe.

Bwana Soud alishika nafasi ya saba. Hilo hakulijali sana. Alichokisoma na kukisoma tena ni hesabu ya kituo cha wanawake cha mtaa wetu, skulini, ambako walipiga kura mama yake, mkewe Bi Shahad, binti yake Wasan na dada yake Hafidha. Katika kituo hicho alipata kura moja.

Alipofika nyumbani mama yake alimwahi mlangoni, akamwambia kura ile ni yake. Wakati wa chakula Bi Shahad alimwambia hivyo hivyo, kwa sauti ya chini. Asubuhi Wasan alimwandikia kwenye simu kwamba ni yake yeye, akatia na maua. Bwana Soud aliwashukuru wote. Kisha siku ya Jumanne akaja hapa ofisini, akasimama mbele ya dirisha la dada yake, akamuuliza na yeye.

Mimi ninayeandika kwa niaba ya wenzangu nilikuwa meza ya pili na niliyasikia. Bi Hafidha angeweza kusema ni yake. Lingekuwa neno dogo, na wenzake watatu walikwisha kulisema. Lakini huyu ni mtu aliyekuwa ametubandikia chumbani, kwa mkono wake, kanuni za uchaguzi, na ya tatu aliipigia mstari. "Kura ni siri, kaka," alimwambia.

Bwana Soud aliondoka. Alielewa, kama ambavyo yeyote angeelewa, kwamba katika wanawake wanne aliowalisha, mmoja alikuwa amemnyima, na ndiye yule aliyemsomesha. Hakugombana naye. Alimnyamazia tu, na alinyamaza miaka tisa. Salamu zilipita kwa Bi Shahad. Sikukuu alituma nyama. Mama yao alipofariki mwaka 2020 walizungumza juu ya kaburi na juu ya mchele wa hitima, basi.

Bi Hafidha hakuwahi kulalamika, lakini alikonda. Kaka yake ndiye aliyekuwa akimleta kazini kila siku, kwa hiyo akiwa na miaka hamsini na moja ilibidi ajifunze kuendesha gari. Alianguka mtihani mara nne na kufaulu mara ya tano, baada ya mtahini kubadilishwa. Tulimnunulia keki. Aliikata vipande sawasawa, akatugawia wote, na yeye asile. Siku ile nilimwambia amdanganye kaka yake, yaishe. Akanitazama kama nimemwambia achome mafaili.

Mwaka 2022 kura zilipigwa kwa simu, na Bi Hafidha alibandika matokeo ya jumla, mistari michache tu. Watu wawili waliuliza za kila mtaa ziko wapi. Aliwajibu kwamba ubao ni mdogo.

Mafanikio yake mengine ni mengi na tutayataja kwa ufupi. Aliwafundisha kazi makarani ishirini na watatu, na wanne kati yao sasa ni wakubwa zake. Hakupoteza hata faili moja. Alipotumwa Nizwa kwa mafunzo ya kompyuta alirudi na daftari lenye makosa ya mkufunzi.

Jumanne iliyopita Bwana Soud aliingia ofisini. Alichukua namba ya foleni kama kila mtu, ikawa 37, akakaa akangoja. Mkononi alikuwa na karatasi ya mpaka wa shamba lake la mitende, jambo ambalo lingeweza kungoja miaka mingine tisa. Namba yake ilipoitwa alisimama dirishani na karatasi hakuitoa.

"Hafidha," alisema, "wallahi miaka tisa nafanya hisabu. Kura moja, na nyumbani kwangu ina wenyewe watatu. Asoidai ndiye mwenyewe. Khalas, yamekwisha."

Bi Hafidha hakusema ndiyo, hakusema siyo. Alivua miwani akaifuta, akaivaa, akaivua tena. Kisha akafanya jambo ambalo halimo katika kumbukumbu zetu zozote: saa nne na nusu ya asubuhi, na watu kumi na wawili wakiwa kwenye foleni, aliweka kibao cha "Dirisha limefungwa", akatoka nje, akakaa na kaka yake kwenye benchi. Walikaa dakika arubaini. Dirisha nililifungua na kulishika mimi, na kazi ilikwenda polepole kwa sababu nilikuwa nalia.

Kwa ajili ya ukweli, ambao Bi Hafidha angetudai, tueleze kwamba kituo kile kilikuwa na wapigakura mia mbili na kumi na wanne, na hesabu ya Bwana Soud haithibitishi kitu. Hakuna aliyemwambia, na tunaomba asiambiwe leo.

Bi Hafidha, kwa kauli moja na bila ya kupiga kura, tunakushukuru. Tunakuombea afya, umri mrefu na asubuhi zisizo na foleni. Nenda ukakae na kaka yako. Mna maneno ya miaka tisa hamjayasema.

Hanifa, meza ya pili, chumba namba tano