Ukingo wa Dhahabu Siku ya Onam

Kamalakshi: Haloo? Nani mwenzangu?

Vilasini: Leo huijui sauti ya wifi yako?

Kamalakshi: Vilasini! Habari za huko? Mama anaen—

Vilasini: Usimtaje mama yangu! Ametoka kukuona kwenye televisheni sasa hivi. Kaka yangu Achuthan ana siku kumi na tano tu tangu tuuchome mwili wake, na mkewe yuko studio anachekacheka!

Kamalakshi: Wifi, nisiki—

Vilasini: Nguo nyeupe vipande viwili, ukingo wa dhahabu upana wa kiganja, asmini kichwani! Sisi hapa hatuna sikukuu ya Onam mwaka huu kwa msiba, hata ua moja uani hatukupanga. Mjane gani wewe?

Kamalakshi: Ndivyo ninavyovaa kwenye filamu, miaka arobaini. Watu wananijua hi—

Vilasini: Basi kaa na hao watu! Kesho tunapeleka majivu yake mtoni Thirunavaya. Usithubutu kuja. Wajomba wameshakubali.

Kamalakshi: Ni mume wangu, Vilasini.

Vilasini: Alikuwa.

[mtandao unakwaruza]

Kamalakshi: Haloo? Upo? Kile kipindi tulirekodi mwezi wa mvua, wiki sita zilizopita. Vya Onam vyote hurekodiwa mapema.

Vilasini: Mwongo! Mtangazaji kasema “leo”!

Kamalakshi: Huambiwa aseme. Achuthan alikuwepo. Vidole vyangu vimekakamaa, siku zake za mwisho yeye ndiye aliyekuwa akinipangia marinda ya nguo.

Vilasini: Kaka? Apange marinda ya mwanamke? Thubutu!

Kamalakshi: Lile la mwisho, karibu na kitovu. Lilikwenda upande.

Vilasini: Nililiona. Nikamwambia mama, bibi nyota kazeeka, hata kuvaa hajui.

Kamalakshi: Nilimwomba afungue, aanze upya. Akagoma, eti njaa inamuuma.

Vilasini: [kwa sauti ya chini] Ndiye kaka huyo, na njaa zake.

Kamalakshi: Haloo? Nasema, njaa—

Vilasini: Nimesikia! Mbona hukusema tangu mwanzo?

Kamalakshi: Ulinipa nafasi?

Vilasini: Usinijibu hivyo. Gari linaondoka alfajiri. Utakaa nyuma na mama. Mimi usinisemeshe njiani.

Kamalakshi: Sawa, wifi. Mungu aku—

Vilasini: Na uje na nyeupe tupu, nisione hata uzi wa dhahabu. Sasa... nani atakufunga nguo?

Kamalakshi: Nitajaribu mwenyewe, kwa vidole hivi hivi.

Vilasini: Njoo leo jioni, ulale hapa. Asubuhi nitakufunga mimi. Na ukilia tu, Kamalakshi, nakuacha nusu uchi, naapa— ngoja, salio lina—