Video ya Harusi Isiyo na Sauti

Ndugu zangu, wafiwa wenzangu, mwenzangu wa dukani aliponiambia nifute video ile, ilinipasa kukataa. Sikukataa. Nilibonyeza mwenyewe.

Tulikuwa mafundi simu hapa sokoni Rumonge. Wakati huo ni simu za kubonyeza, kioo kama kiberiti. Nilikuwa nimejifunza Java, lugha ya kompyuta, kitabuni, nikaandika programu ya kuchezea video kwenye simu hizo. Video ya kuwaonyesha wateja nilikuwa nayo moja tu: harusi ya binti yetu, iliyorekodiwa na mpiga picha, pale mke wangu anapomuusia bi harusi.

Ilikuwa nzito. Picha inakwama, midomo inatangulia maneno. Nikaipunguza, bado. Nikaondoa sauti. Ikateleza vizuri, na mimi, nawaambia kweli, nikafurahi. Lakini kompyuta ilikuwa imejaa: nakala ndogo, na ile ya kwanza yenye sauti.

"Mzee, futa ile kubwa," mwenzangu akasema. "Hapa Rumonge nani iko na kioo kikubwa?"

Tukacheka. Nikafuta.

Miaka ikapita, mke wangu akafariki. Baada ya matanga binti yangu akaja na simu yake pana. "Baba, nipe ile ya mama." Nikampa. Akaona miraba miraba iliyovaa kitenge, mdomo unafunguka, kimya. Akaongeza sauti. Akaongeza tena.

"Baba, alisema nini?"

Sikujua. Dukani nilikuwa nikipima midomo na picha tu, maneno sikuyasikiliza. Siku ya harusi nilikuwa nyuma ya hema, nahangaika na simu ya mteja.

Alirudi kwa mumewe, kule Gitaza, hakunipigia tena. Sikulia. Nilikaa ndani tu, sahani zinaletwa, zinaondolewa.

Ninyi ndio mlionitoa. Mlikuja mkakaa mkekani, hamkuniuliza kitu. Mpaka rafiki wa mke wangu, huyu aliyekuwa akianika naye ndagala, dagaa wetu wa ziwani, akasema, "Mimi nilikuwepo. Alimwambia: mwanangu, mume akichelewa, wewe kula. Usimwekee ndagala mpaka paka azimalize."

Mkacheka, mle mle kwenye msiba wangu. Tukampigia binti, naye akaambiwa vile vile. Akacheka, kisha akalia. Siku hizi anakuja kunitazama.

Murakoze, asanteni nyote. Mama wa ndagala, murakoze sana. Mwenye mtu nyumbani amsikilize wakati anasema, asiiachie simu kazi hiyo.

Nimepona kiasi cha kusimama hapa. Ila maneno yale hunijia kwa sauti ya rafiki yake. Sauti ya mke wangu niliifuta, na sasa siikumbuki.