Mama Huonja Kwanza

Wapendwa, nawasalimu. Nimeombwa nisimame nitoe ushuhuda, na nitasema tu vile ilivyokuwa.

Kazi yangu ni kuandika michezo ya runinga, ya mauaji na ya watu wenye akili za kutisha. Naandikia hapa mtaani Tuwan. Mama yangu anauza uji wa wimbi soko la Misikhu. Na mnajua kwetu: humpi mtu kinywaji kabla ya kuonja mbele yake, aone hakuna kitu kibaya ndani. Mama humimina kidogo kwenye kikombe chake, anaonja, ndipo anakupa chako.

Sasa, nilikwama. Nilitaka muuaji ambaye hakuna mtu angemshuku. Nikamchukua mama. Mwanamke wa mchezo wangu anauza uji, anaonja wake, anatabasamu. Sumu ameipaka ndani ya kikombe cha mteja. Nilijipongeza, bana.

Mchezo ukaonyeshwa. Ndugu zangu, nawaambia, haukupita mwezi dada yangu akapiga simu. "Si uje uone kazi yako? Mama anarudi nyumbani Matulo na ndoo imejaa." Watu walikuwa wakimwona anaonja, wanasema ati wameshiba. Wengine walicheka, lakini hawakunywa. Na uji huo ndio ulinisomesha.

Nikaacha kuandika kabisa. Nilidhani hiyo ndiyo toba. Dada akaniambia kunyamaza kwangu hakujamuuzia mama hata kikombe kimoja.

Basi siku ya soko nikaenda. Nikaketi benchi la mbele, nikasema kwa sauti, "Ule mchezo niliandika mimi. Tabia ya kuonja ni ya mama. Sumu ni yangu." Mama akaonja, akanipa kikombe. Nikanywa chote.

"Umemaliza?" akasema. "Haya, toka kwa benchi, wateja wakae."

Mzee anayeuza viazi akaja, akakaa, akaomba kikombe kikubwa. Nililia, sitawaficha.

Siku hizi naandika tena, na wauaji wangu bado ni wabaya. Lakini nikichukua kitu cha mtu, namsomea mwenyewe kwanza kabla sijautuma mchezo. Hilo tu ndilo ninalowaachia. Namshukuru dada kwa kunigombeza, na yule mzee kwa kukaa.

Mama ndiye yule pale nyuma, mwenye kitambaa cha kijani. Amekuja na ndoo mbili. Tukitoka atamimina, ataonja kwanza. Nawaomba mnywe.