Baba wa Mayai

Venant: Haloo? Ni hospitali?

Lazare: Hapana, kaka. Ni mimi Lazare, wa Kentucky.

Venant: Lo, umenishtua.

Lazare: Shemeji anaendeleaje?

Venant: Emerance yuko kwenye mashine ya kupumulia tangu jana. Daktari alisema atanipigia asubuhi hii. Na mimi korona ninayo, siruhusiwi kuvuka mlango. Polisi wanakuja kugonga waone kama nipo.

Lazare: Basi nikate, laini ibaki—

Venant: Usikate. Hospitali wakipiga nitasikia mlio. Uko wapi, mbona nasikia vyura?

Lazare: Bwawani. Huku Marekani ni Jumatatu jioni.

Venant: Hapa Sydney ni Jumanne. Wewe bado unaishi jana.

Lazare: [anacheka] Basi hiyo jana nimepata samaki. Wenyeji wanamwita blugili. Mpana kama kiganja, kifua rangi ya chungwa.

Venant: Umemtoa ukingoni?

Lazare: Ee. Kuna vishimo kama visahani, kila kimoja na samaki wake. Nimeshusha nyungunyungu tu, akarukia. Njaa hiyo.

Venant: Hana njaa. Huyo ni baba, analinda mayai.

Lazare: Na mama?

Venant: Ametaga, ameondoka. Si kama tilapia wetu, wao mama anabeba mayai mdomoni. Huyu baba anayapepea kwa mapezi, hata kula hali. Kinachosogea anakiuma. Ndiyo maana umemkamata kirahisi. Hawezi kukimbia.

Lazare: Umeyatoa wapi hayo, mwalimu?

Venant: Nimefungiwa ndani, nasoma. Mrudishe, Lazare. Wenzake watayala mayai sasa hivi.

Lazare: Shemeji yako Lydie ameshabandika mafuta, kaka.

Venant: Akaange ndizi.

Lazare: Haya, bwana... [mkwaruzo] ...viatu vimelowa...

Venant: Pale pale ulipomtoa.

Lazare: Nimemwachia.

Venant: Amerudi kwenye kishimo?

Lazare: Ngoja, maji yametibuka... Yupo. Anafukuza wengine.

Venant: Anapepea?

Lazare: Anape— kaka, ni nini hicho kinacholia?

Venant: Namba imefichwa.

Lazare: Ndio hospitali. Pokea.

Venant: Hao samaki wengine, wamekula mayai mengi?

Lazare: Venant. Pokea.

Venant: Haloo, dokta? Ndiyo. Mimi ndiye mume wake.

Lazare: Bado ni mimi, kaka. Bonyeza kitufe kile cha kijani.

Venant: Cha kijani.

Lazare: Ee. Bonyeza.